Mama anataka binti yangu aitwe Tabu kama bibi, mke hataki hata kusikia. Nifanyeje?

Heshima kwenu wakuu.

Tumejaliwa binti, leo ana siku 12 na hana jina. Kwenye kadi ya kliniki muuguzi kaandika "mtoto wa" halafu jina la mama yake, kwa penseli, akaniambia nikija na jina atafuta.

Kisa chenyewe ni hiki. Bibi mzaa mama ndiye aliyenilea, Handeni, mpaka nikaingia sekondari. Aliitwa Tabu. Mimba ilipofika miezi saba mama akatamka mbele ya watu kwamba akiwa wa kike basi ni somo wa mama yake. Sikubisha, na ndilo kosa langu. Mke wangu alinyamaza siku ile, lakini mtoto alipozaliwa akaniambia: "Jina ni dua. Kila nikimwita nitakuwa naiita tabu ije mlangoni kwangu." Akika, ile shughuli ya kumchinjia mtoto na kumpa jina, tumeiahirisha kwa ajili hiyo hiyo. Mama yupo kwetu, kaja kulea uzazi, kwa hiyo nawapitia wote wawili sebuleni kila asubuhi.

Je, haya majina ya Tabu, Shida, Mashaka kweli humfuata mtu? Wazee waliyatoa kwa maana gani? Matusi sitaki, busara naipokea.

Mzee wa Pangani
Hongera kwa mtoto, mwanangu. Zamani jina lilikuwa taarifa. Mtu akizaliwa usiku ni Chausiku, Alhamisi ni Hamisi au Mwanahamisi, mwezi wa mfungo ni Ramadhani. Binti wa pili Pili, wa tatu Tatu, nani aumize kichwa? Mama akikaa miaka bila kushika mimba, na watu wameshamsema, akijifungua anaita Sikudhani. Siwatu nalo lilikuwa kijembe: jirani anakwambia kwamba nyie si watu, na hana haja ya kugombana, anamwita tu mwanawe mnasikia. Kwa hiyo Tabu ni habari ya siku ile. Swali lako la kwanza liwe: tabu ipi?

binti_sikujua
Mimi jina langu ni Sikujua, la kwenye cheti kabisa. Mapokezi hospitalini:
"Jina?"
"Sikujua."
"Dada, nakuuliza jina lako."
"Sikujua."
"Sasa nani anajua?"
Foleni nzima inacheka na mimi naumwa jino. Mikosi sijaiona, nina kazi yangu na watoto wawili. Ila jina la namna hii unalifafanua maisha yako yote. Mkeo asikilizwe.

Masumbuko Jr
Naunga mkono hapo juu. Masumbuko ni jina la babu, kwetu linakuwa la tatu. Kila usaili wa kazi lazima mmoja atanie kama nimewaletea masumbuko. Nilishazoea, nacheka kabla yao.

Mtu wa Butiama
Mkuu, huku Mara hilo halina mjadala. Baba yake Mwalimu alizaliwa mwaka ambao viwavi vilivamia mashamba, akaitwa Nyerere, ambalo kwa Kizanaki ni hao viwavi. Mwalimu mwenyewe alipozaliwa 1922 mvua ilikuwa inamwagika, akaitwa Kambarage, jina la mzimu wa mvua. Leo uwanja wa ndege wa Dar umeandikwa jina la kiwavi na sijasikia ndege iliyokataa kutua.

Jakisumu
Kutoka Kenya. Kwetu Waluo aliyezaliwa wakati wa njaa ni Okech, msichana ni Akech. Familia ikiwa kwenye msiba ni Ochola au Achola. Mvua ikinyesha ni Okoth, usiku ni Otieno. Hakuna anayemwangalia Akech akaona njaa, anaona mtu. Lakini nadhani tofauti ni kwamba "tabu" kila mtu Afrika Mashariki anaielewa. Bibi angeitwa tabu kwa Kizigua pengine mkeo asingejua, na mngekuwa mshafanya sherehe.

Mke wangu ni Mkikuyu, na kwao huu uzi usingekuwepo: binti wa kwanza huchukua jina la mama yake baba, wa pili la mama yake mama. Ishaamuliwa kabla hamjaoana.

Ng'wana Mabula
Sisi Wasukuma, pacha ni Kulwa na Doto, anayefuata ni Shija, mvua ikinyesha ni Mabula. Kazi imeisha.

Ustadh wa Mtaa
Assalaam alaykum. Ndugu, mkeo ana hoja kwenye dini. Mtume (s.a.w.) alibadilisha majina yenye maana mbaya. Alimkuta mwanamke akiitwa Aasiya, yaani muasi, akamwita Jamila. (Msichanganye na Asia mke wa Firauni, herufi zake za Kiarabu ni nyingine.) Na katika Bukhari kuna habari ya Hazn, maana yake ugumu. Mtume akamwambia wewe ni Sahl, yaani wepesi. Akakataa, eti habadilishi jina alilopewa na baba yake. Mjukuu wake, Said bin al-Musayyib, mwanachuoni mkubwa wa Madina, alisema ule ugumu haukuwatoka kwenye ukoo. Fikiri hapo.

Mama Eli wa Machame
Mimi ni Mkristo, na Biblia ina pande zote mbili. Raheli akiwa anakata roho alimwita mwanawe Benoni, mwana wa uchungu wangu. Yakobo akambadilisha hapo hapo, Benyamini. Lakini kuna Yabesi katika 1 Mambo ya Nyakati 4. Mama yake alimpa jina la huzuni, Yabesi hakulibadilisha, akaomba na Mungu akampa alichoomba. Kwetu Kilimanjaro walichagua njia ya Benyamini: Elirehema, Elifuraha, Elineema, yote yana Eli, Mungu, mbele. Huwezi kukosea.

Karani mstaafu
Mmeongea mengi ya mbinguni, mimi naongelea makaratasi. Usajili wa kizazi RITA, wanaotoa vyeti vya kuzaliwa Tanzania, ni ndani ya siku 90, baada ya hapo ni mlolongo. Na msije mkaandika jina moja kwenye cheti, jingine shuleni, la tatu kwenye kitambulisho cha taifa cha NIDA. Nimeona watu wazima wanahangaika na viapo kwa mawakili kwa sababu ya herufi moja tu, Mwanahamisi na Mwanakhamis. Amueni, andikeni, limeisha.

Mleta mada
Nimerudi wakuu. Nimefuata ushauri wa Mzee wa Pangani, jana usiku nikampigia mama mkubwa.

Kumbe ulikuwa mwaka wa njaa. Mama yake bibi alikuwa njiani kwa miguu kufuata mahindi kwa ndugu, uchungu ukamshika, siku mbili hajajifungua. Mwanamke aliyempokelea mtoto ndiye aliyesema "huyu katutia tabu", likabaki hilo. Jina la akika lilikuwa Mwanahawa. Mama mkubwa anasema lilitajwa mara mbili tu, siku ya ndoa na siku ya talakini, anaposomewa maiti kaburini.

Hapo nikaishiwa nguvu, maana ile ya pili nilikuwepo. Nilikuwa na miaka 14. Mwalimu wa madrasa kachuchumaa pale kaburini anasema, ewe Mwanahawa. Nikadhani amekosea maiti. Niliangalia watu wazima wote, hakuna aliyeshtuka, na mimi sikuwahi kuuliza.

Mke wangu kaambiwa, kalipenda papo hapo. Mama kanuna. Anasema: "Mwanahawa simjui. Aliyeninyonyesha ni Tabu."

Mzee wa Pangani
Cheti Mwanahawa, nyumbani bibi yake amwite apendavyo. Watoto wa pwani tumekua hivyo, la chuoni, yaani madrasa, lake na la nyumbani lake. Mama yako hataki karatasi, anataka kumwita mama yake.

binti_sikujua
Na mimi nilikuwa na la akika? Ngoja nimpigie shangazi.

Mleta mada
Kliniki ni Jumatatu, akika Ijumaa ijayo Mungu akipenda, mbuzi nishamwona. Leo asubuhi mama alikuwa anamkanda mtoto kwa mafuta ya nazi, anamwimbia chini chini, "Tabu wee, Tabu wangu." Mke wangu alikuwa pembeni anakunja nepi. Amesikia, hakusema kitu.