Kazi ya igizo bubu: Lillian Gish anafaa kuchambuliwa?

Kijana wa Dunda
Shikamooni wakubwa. Nasoma TaSUBa, chuo cha sanaa hapa Bagamoyo. Mwalimu katupa kazi: igizo fupi bila kutamka neno, na kabla yake tumchambue mwigizaji mmoja wa sinema bubu. Wenzangu wote wamemkimbilia Chaplin. Mimi nataka mwanamke. Nimetajiwa Lillian Gish, lakini vipande vya sinema bubu nilivyoona kwenye simu, watu wanatumbua macho na kurusha mikono kama wamepandisha mashetani. Kuna cha kujifunza hapo kweli?

Bi Chumbageni, Tanga
Marahaba mwanangu. Kipo, ila umeanza na vipande vibaya.

Tafuta Broken Blossoms ya 1919. Anacheza binti anayepigwa na baba yake, bondia mlevi. Baba anamwamrisha atabasamu. Binti tabasamu hana. Ananyanyua vidole viwili, anasukuma pembe za mdomo juu, anazishikilia hapo. Macho hayacheki hata kidogo. Jaribu mbele ya kioo: vidole vikitoka tu, mdomo unaporomoka. Halafu mbele kidogo yumo kabatini, baba anavunja mlango kwa shoka, naye anazunguka mle ndani hajui pa kushika. Hapo mikono inarushwa, ndiyo, lakini inarushwa kwa sababu.

Maisha yake: kazaliwa Ohio, Marekani, 1893. Baba akawatelekeza, mama akaingia jukwaani ili wapate kula, na Lillian na mdogo wake Dorothy wakaigiza tangu utoto. Mwaka 1912 rafiki yao Mary Pickford akawakutanisha na mwongozaji D. W. Griffith, naye akawavisha utepe, wa bluu kwa Lillian na mwekundu kwa Dorothy, apate kuwatofautisha. Si sinema haina sauti? Mwongozaji anakupigia kelele kamera ikizunguka, akikuita kwa rangi yako.

Way Down East, 1920: kalala juu ya barafu ya kweli inayoelea mtoni, mkono na nywele ndani ya maji. Wazo lake mwenyewe! Mkono ule ulimsumbua maisha yake yote. Mie maji ya Raskazone tu mwezi wa saba yananitetemesha.

Mtu wa Kaole
Bi mkubwa, umeruka 1915. The Birth of a Nation, ya Griffith huyohuyo, Lillian ndiye nyota wa kike. Wahusika weusi wakuu wanachezwa na Wazungu waliopakwa rangi, na Ku Klux Klan, kundi la Wazungu wabaguzi, ndio mashujaa. NAACP, chama cha kutetea haki za weusi Marekani, waliipinga mwaka huohuo. Mwaka 2019 chuo kikuu cha Bowling Green, hukohuko Ohio, kikaondoa jina la Gish kwenye ukumbi wake wa sinema. Kijana asije akamwandika malaika.

Bi Chumbageni, Tanga
Sikuruka, nilikuwa njiani. Aandike yote, na aongeze kwamba bibi huyu alimtetea Griffith mpaka uzeeni. Mie hapo simuungi mkono. Vidole viwili mdomoni bado nitavitazama.

Na msidhani sauti ilimmaliza. The Wind ya 1928 walipiga jangwani Mojave, mapropela ya ndege yakimpulizia mchanga usoni. Ilitoka watu wakiwa wameshanogewa na sinema za kuongea, haikuuza, kampuni yake ya sinema, MGM, wakaachana naye. Akarudi kwenye tamthilia za jukwaani. Mwaka 1955, katika The Night of the Hunter, yumo kwenye kiti cha bembea, bunduki mapajani, anawalinda watoto. Sinema ya mwisho ni ya 1987, keshavuka miaka 90.

Kijana wa Dunda
Ahsante bibi, nawe kaka wa Kaole. Nachukua ya kabati. Kabati sina, nitabanana nyuma ya turubai. Je, muziki niweke?

Bi Chumbageni, Tanga
Weka. Hata wao kumbini walikuwa na mpiga piano au bendi nzima. Lakini usiweke wa kwenye simu, utaanza kuufukuzia. Hapo chuoni hamkosi mpiga zeze. Mkalishe mahali anapokuona vizuri, akufuate yeye.