Mrejesho: Nguvu za kichawi katika miji saba ya riwaya yangu

Habari za muda, wakuu. Kwa ambao hawakuliona swali langu: nilitaka nguvu za kichawi zinazotoka kwenye chemchemi moja mlimani zifike katika miji saba ya riwaya yangu, bila kila mtu kuzichota apendavyo.

Ushauri ulionifaa kuliko yote ni wa yule aliyesema niachane na mfano wa nyaya za umeme, niitazame London ya zamani. Kuanzia 1883 hadi 1977 kulikuwa na kampuni iliyosambaza maji yenye presha kubwa kwa mabomba ya chuma chini ya barabara, yakiendesha lifti na kreni za bandarini. Kilichonivutia zaidi ni mtambo wa akiba: silinda iliyosimama wima, imebebeshwa uzito mkubwa. Matumizi yakipungua, pampu zinaupandisha ule uzito. Yakizidi, unashuka na kuyasukuma maji, presha haiyumbi.

Basi kila mji nimeupa mnara wa namna hiyo. Ndani yake linaelea jiwe kubwa, na mtu yeyote aliye sokoni akiinua macho analiona lilipofika. Likishuka chini ya alama nyekundu, mlinzi anafunga valvu za majumba ya matajiri kwanza, hospitali mwisho. Hapo mgogoro wa hadithi umejizaa wenyewe, maana gavana anataka mpangilio huo ugeuzwe.

Upotevu wa nguvu njiani nimeuacha uwepo, makusudi. Mji wa mwisho, ule wa pwani, unapata nguvu hafifu, na wavuvi wameanza kuchimba chemchemi yao kwa siri. Sura ya tatu imekamilika. Asanteni sana.