Chakula cha sherehe katika nchi ya kubuni: mpwao wangu unakosa nini?

Mwandishi wa Chumbageni

Assalaam alaykum, wanajukwaa. Ninaandika riwaya inayotokea katika kisiwa nilichokibuni, kiitwacho Undusi, ambacho angani mwake mna miezi miwili. Kila baada ya miaka saba miezi hiyo hupangana, bahari hukauka hadi mwamba wa nje, na makaburi ya wazee wa kwanza hujitokeza. Siku hiyo watu hushuka mwambani kupika mpwao, chakula kisichopikwa siku nyingine yoyote, na ambacho ni lazima kiliwe chote kabla maji hayajarudi.

Nimekitungia nafaka ya zambarau, nyama ya ndege wa baharini, tui la nazi, asali ya nyuki wa pangoni, zafarani, na unga wa lulu unaong'aa gizani. Nilimsomea dada yangu ukurasa huo, naye, ambaye hamung'unyi maneno, akasema amesikia bei za dukani, sherehe hakuiona. Neno hilo limenikaa moyoni kwa sababu ni kweli. Ninyi mliokulia kwenye majiko ya shughuli hapa Tanga na kwingineko pwani, niambieni: ni kitu gani kinachokifanya chakula kuwa cha shughuli?

Mpishi wa Ngamiani

Wa alaykum salaam, mwanangu. Kwanza utoe huo unga wa lulu.

Litazame bokoboko. Ni ngano, nyama, chumvi, mdalasini, na samli ya kumwagia juu. Hakuna hata kimoja ambacho mtu wa kawaida hakijui, lakini likipikwa mtaani kila apitaye anajua kuwa hapo pana jambo. Ngano hulowekwa tangu jana yake, ikapikwa na nyama mpaka nyama iachane na mifupa, mifupa ikatolewa mmoja mmoja, na hapo ndipo mwiko unapoingia. Husongwa na kupigwa mpaka nyuzi za nyama zipotelee ndani ya ngano, na ukiuinua mwiko, kinachoning'inia kivutike kizito na kurudi sufuriani polepole. Sufuria ya shughuli haisongwi na mtu mmoja: huyu anaishika kwa vitambaa isiyumbe, yule anasonga, wa tatu anangoja zamu yake, maana mkono huchoka kabla ngano haijalainika. Na katika kungojana huko ndimo maneno yote ya mtaa husemwa, nani ameachwa, nani amerudiwa, nani hajaalikwa.

Umetuonyesha vilivyomo sufuriani na kuisahau mikono. Katika Undusi ni nani anayeruhusiwa kushika mwiko? Ni nani aliyekatazwa, na bado amekuja kusimama karibu na moto?

Halafu una tui, nawe umelitaja kama maji tu. Nazi ikishakunwa kwenye mbuzi na kukamuliwa kwa kifumbu, tui la pili ndilo linalopikia. Tui zito hutiwa mwishoni, likakorogwa bila kuachwa, la sivyo hukatika na chakula kizima kikaharibika sura. Aliyekabidhiwa tui zito siku hiyo ana dakika chache za kuheshimika au kuaibika kwa miaka saba.

Mwana wa Pangani

Ndugu mwandishi, hoja yangu ni ya maji na moto. Hapa kwetu, kutoka maji kujaa hadi kukauka hupita zaidi kidogo ya saa sita, na mwamba wa nje hukaa wazi kwa sehemu tu ya muda huo. Bamvua, yaani maji kujaa na kukauka kuliko siku nyingine, huja mwezi unapoandama na unapokuwa mpevu, na maji makavu yake huangukia mnamo saa nne au saa tano, asubuhi na usiku. Wanaokwenda kuchokoa pweza hawahitaji saa ya mkononi. Hata ukiirefusha bamvua yako kwa nguvu ya miezi miwili, nafaka ngumu haitaiva mwambani kuanzia mwanzo. Lazima ilowekwe na kuchemshwa nyumbani, kisha imaliziwe makaburini.

Jambo la pili ni mafiga. Jiwe la matumbawe lililolowa, likipigwa na moto mkali, linaweza kupasuka. Kwa hiyo watu wako hawatapikia mawe ya pale pale. Watateremka nayo kutoka nchi kavu, pamoja na kuni za mkoko na vifuu. Mafiga ni matatu. Ningependa kujua wabebaji wake ni akina nani.

Bi Mkubwa wa Bagamoyo

Namheshimu dada yangu wa Ngamiani, lakini sikubaliani naye kuhusu lulu. Shughuli huwa na kitu kimoja cha thamani, kidogo sana, kama nyuzi za zafarani juu ya biriani. Abaki nacho, ila kiwe kimoja.

Linalonisumbua ni hilo la kula chote. Kwetu chakula cha shughuli hufunikiwa kawa kikapelekwa kwa jirani, na mgonjwa huwekewa sahani yake. Je, asiyeweza kushuka mwambani anakula nini? Sheria hiyo ni nzito kuliko vyote ulivyovitaja, nawe umeipita kwa sentensi moja.

Mwandishi wa Chumbageni

Shikamooni wakubwa, na asante, ndugu wa Pangani. Jana usiku nimeanza upya. Lulu na asali zimeondoka, zafarani imebaki. Jiwe la tatu sasa analibeba kichwani binti ambaye mamake amelala hoi kitandani, na mkono uliomkabidhi tui zito ni wa shangazi asiyesemezana na mama huyo. Binti anakoroga huku akilitazama jani la mgomba alilolificha chini ya kanga, akipima kama tonge moja litafika nyumbani kabla ya maji. Bi Mpishi, nina swali moja: upepo wa kusi ukivuma pale mwambani, atajuaje kwamba tui limeiva, ikiwa moto unalala upande mmoja?

Mpishi wa Ngamiani

Atasikia kwanza, mwanangu. Tui bichi likichemka lina sauti ya maji; likishaiva, sauti huwa nzito, na mafuta huanza kutokeza kandokando. Azungushe sufuria upande ule usio na moto, asiuachie mwiko, na hilo jani alifiche upande wa pili wa kanga, asije akaliunguza.