Kungulele, mnyama wa visiwa vinavyoelea angani: anakunywa maji wapi?

Kalamu_ya_Usiku
Habari zenu wadau. Naandika hadithi ya visiwa vinavyoelea angani, vingine vina misitu kabisa, vingine ni jiwe tu lenye majani juu, na humo nimemtunga mnyama anaitwa kungulele. Ukubwa wake kama ng'ombe, mabawa ya ngozi kama ya popo, shingoni ana manyoya marefu meupe, na mkia mpana wa kugeuzia. Nimeshaandika sura nne, juzi nikamsomea mdogo wangu wa miaka 10, akasikiliza mpaka mwisho ametulia kabisa, halafu akauliza kitu kimoja tu: "sasa anakunywa maji wapi?" Nikakosa jibu. Maana visiwa vyangu havina mito, maji yakifika ukingoni yanamwagika ndo basi tena. Na nilivyoanza kuliwaza hilo nikaona hata kuruka kwenyewe sijui anarukaje na uzito ule, nikafikiria nimwekee mfuko wa gesi tumboni aelee kama puto. Naombeni mawazo, huyu mnyama nampenda kweli sitaki msomaji aone ni picha tu niliyoibandika angani.

BawaPana
Gesi achana nayo. Haidrojeni ambayo ndo nyepesi kuliko zote, mita moja ya ujazo inabeba kilo moja na kidogo hivi, tena hapo ni usawa wa bahari. Kungulele wako akiwa na kilo 200 tu, ambazo kwa ng'ombe ni chache, atahitaji mfuko wa kipenyo kama mita 7, sasa huyo si mnyama tena ni puto lenye miguu, na upepo ukija anaenda unakotaka upepo. Na ukipanda mpaka mita 5,500 mgandamizo wa hewa umebaki kama nusu ya ule wa chini, so mfuko unazidi kuvimba.

Mi ningemwacha aruke kwa mabawa. Zamani kulikuwa na mtambaazi anaitwa Quetzalcoatlus, mabawa yake yakikunjuliwa yalifika kama mita 10, akisimama analingana na twiga, na wanasayansi wengi wanakubali aliruka. Mifupa yake ilikuwa na uwazi ndani. Kwa hiyo mpunguze nyama, mrefushe mabawa. Halafu una bahati ambayo huioni: mnyama mkubwa anayeruka kazi yake ngumu ni kunyanyuka kutoka ardhini, sasa wa kwako anaishi mahali ambapo kila upande kuna ukingo. Anatembea mpaka mwisho wa jiwe anajiachia. Basi.

Mtazama_Mawingu
Dada/kaka, mdogo wako kauliza swali la maana kuliko sura zote nne, usilizibe na kisima cha uchawi tafadhali. Maji yapo kila mahali huko juu, ni mawingu hayo. Jangwa la Namib kuna mende anapanda juu ya tuta la mchanga alfajiri ukungu ukija kutoka baharini, anainamisha kichwa anainua makalio, ukungu unaganda mgongoni unakuwa matone, matone yanateremka mpaka mdomoni. Anakunywa hewa, yaani. Sasa we tayari umempa kungulele manyoya marefu shingoni na hujasema ya nini! Ndo hayo. Anasimama ukingoni wingu likipita, shingo ameinyoosha mbele kichwa chini, kila unywele unashika vitone vidogo vidogo kama utando wa buibui asubuhi, vinaungana vinakuwa vizito vinateleza kwenye taya, yeye ulimi uko nje anangoja. Anaweza kusimama hivyo saa nzima bila kutikisika. Ningesoma ukurasa mzima wa hilo tu.

njiwa_mlimani
Naongezea kuhusu kupumua na baridi manake wengi wanasahau. Kila ukipanda kilomita moja joto linashuka kama nyuzi 6 na nusu, kwa hiyo ngozi tupu ya popo itaganda, mwekee manyoya mafupi mazito hata kwenye bawa. Hewa nyembamba isikutishe, mwaka 1973 tumbusi aligongana na ndege ya abiria juu ya Abidjan kwenye mita zaidi ya 11,000, na damu ya tumbusi wa aina ile inashika oksijeni kwa nguvu kuliko kawaida.

Ila ninachotaka kukuuliza mimi ni hiki, visiwa vyako vinatembea au vimetulia? Kama vinatembea, basi kungulele aliyetoka asubuhi kutafuta chakula anarudi jioni kiota hakipo pale alipokiacha. Teleka wa Ulaya, wale wanaofanana na mbayuwayu, mwaka 2016 watafiti wa Sweden walionyesha wengine wanakaa hewani miezi 10 bila kutua, wanatua kwa ajili ya kuzaa tu. Kwa hiyo kutua kwa kungulele nako kusiwe jambo la kila siku. Akitua ujue kuna mtoto.

Kalamu_ya_Usiku
Jamani asanteni sana, nimesoma majibu yote mara mbili. @Mtazama_Mawingu, mimi ni dada. Gesi nimeitoa, na ng'ombe nimemtoa, sasa hivi ni mwembamba mwenye mifupa myepesi na mabawa marefu mno. Visiwa vinatembea, ndiyo, polepole lakini vinatembea, na sikuwahi kuwaza kwamba mama anaweza kukipoteza kisiwa chenye mtoto wake, hapo nimesisimka mwili mzima. Sura ya kwanza naiandika upya. Inaanza na mtoto ana siku mbili, bado hana manyoya ya shingo, kwa hiyo hawezi kushika ukungu mwenyewe, anang'ang'ania shingo ya mama anaifyonza manyoya moja moja. Halafu mama anakwenda ukingoni. Nimemsomea mdogo wangu hiyo aya usiku huu, hajauliza habari za maji, kauliza mama atarudi lini.