Ushauri: taa yangu ya mapigo ya moyo haimwoni mjomba

Msusi wa Nyaya:
Wakuu, salaam. Nipo Temeke, naandaa kazi ya sanaa: chumba cheusi, balbu 12, mgeni anavaa bangili yenye kihisio na balbu inafuata mapigo ya moyo wake. Wazo nimelichota kwa Rafael Lozano-Hemmer, Mmexico anayeishi Kanada. Mwaka 2006 alitundika balbu nyingi kwenye kiwanda cha zamani cha nguo huko Puebla. Ukishika kishikio, balbu ya karibu inapiga kama moyo wako. Ukiachia, zote zinazima kwa muda mfupi, kisha pigo lako linasogea balbu moja mbele.

Juzi nikamwita mjomba, fundi seremala, mweusi kuniliko. Kwangu balbu inapiga vizuri, kwake kimya. Akabana bangili, akanitazama: "Kwa hiyo mimi maiti?" Tulicheka, ila sijalala vizuri tangu siku hiyo. Nibadilishe kihisio au niandike upya programu? Nina wiki 3.

Fundi Volti:
Programu yako haina kosa. Bila shaka hicho ni kihisio cha taa ya kijani. Kinarusha mwanga kwenye ngozi na kusoma unaorudi, na kila damu inapojaa, unaorudi unapungua. Sasa melanini, ile rangi ya asili ya ngozi, nayo inaumeza mwanga huo huo. Hamishia kwenye ncha ya kidole, upande wa kiganja, ambako melanini ni chache.

Nesi wa Zamu:
Si sanaa tu, mdogo wangu. Mwaka 2020 ulichapishwa utafiti kutoka Michigan: kipima oksijeni cha kidoleni kilishindwa kuona upungufu kwa wagonjwa weusi karibu mara 3 kuliko kwa weupe.

Kitendawili:
Usirekebishe kitu! Balbu isiyowaka ndiyo kazi yenyewe. Iache hivyo, watu waone mashine zimetengenezwa kwa ngozi ya nani.

Msusi wa Nyaya:
Nimeliwaza hilo, mkuu. Lakini mjomba atakuja na wajukuu. Siwezi kumsimamisha chini ya balbu iliyozima ili wageni wamtikisie vichwa.

Fundi Volti:
Basi achana na mwanga, soma umeme wa moyo wenyewe. Chukua AD8232, chipu ya kusoma umeme wa moyo, na vishikio viwili vya chuma, kimoja kila mkono, kama vya mashine za mazoezi. Hapo rangi haihusiki. ILA: chochote anachoshika mtu kiendeshwe na betri tu, na kompyuta isiwe kwenye chaji. Balbu za umeme wa ukutani zikae mbali, ishara ipite bila waya. Hapa hatutanii, njia ya umeme kutoka mkono hadi mkono inapita kifuani.

Msusi wa Nyaya:
Mrejesho. Nimekata bomba la chuma vipande viwili. Mwanzoni ilikataa, viganja vya mjomba vikavu, vimejaa vumbi la mninga. Nikavipangusa kwa kitambaa chenye maji ya chumvi, balbu ikashtuka, ikaanza. Hakutaka kuachia, chai ikapoa. Kisha akauliza: "Mbona inaruka?" Nikatazama. Kweli, kila baada ya muda inakosa pigo moja. Nesi, upo? Ni waya au ni mjomba?

Nesi wa Zamu:
Shika wewe kwanza, dakika 5. Isiporuka kwako, kesho asubuhi mpeleke akapimwe.