Waairishi wa Marekani: walipanda kwa jasho au kwa ngozi?

MLETA MADA
Wakuu, heshima kwenu. Kwenye kundi letu la ukoo yupo mjomba aliyeko Marekani, kila tukilalamika anatubwaga na mstari mmoja: "Igeni Waairishi, walifika na njaa, leo wametoa marais." Anamaanisha John Kennedy, kitukuu wa wahamiaji kutoka Ireland, aliyechaguliwa rais 1960.

Sibishi kwamba waliteseka. Philadelphia mwaka 1844 makanisa yao ya Kikatoliki yalichomwa moto, na magazeti yaliwachora kama masokwe. Ninachobishia ni hiyo "igeni". Sheria ya uraia ya 1790 ilisema mgeni anayeweza kuwa raia ni mtu mweupe aliye huru. Mwairishi, pamoja na dharau zote, alikuwa ndani ya maneno hayo: anakaa miaka 5, anaapa, anapiga kura. Mwaka 1857, katika kesi ya Dred Scott, Mahakama Kuu ikaamua kuwa mweusi mwenye asili ya utumwa si raia, hata kama kazaliwa hukohuko. Sasa hapo mimi niige nini?

MKULIMA WA NJOMBE
Mkuu, njaa yenyewe umeiruka. Ule ugonjwa wa viazi ulioleta njaa Ireland kuanzia 1845 ni bakajani chelewa, huuhuu tunaoupigia dawa kwenye viazi na nyanya zetu. Tofauti ni kwamba mimi viazi vikioza nina mahindi. Fukara wa Ireland alikodi kipande kidogo cha ardhi, na kiazi ndicho pekee kilichotosha kulisha familia hapo. Nafaka, siagi na ng'ombe vilikuwepo, ila vilikuwa vya kulipia kodi ya shamba, vikawa vinapakiwa kwenda Uingereza huku watu wanakufa. Hadi 1852 walikuwa wamekufa kama milioni 1, na waliokimbia wakazidi hapo. Wapo wenye mashamba walioona nafuu kuwalipia wapangaji nauli ya meli kuliko kuendelea kuwatunza. Kisiwa cha Grosse Île huko Quebec, Kanada, walikowekwa karantini wakishuka melini, mwaka 1847 peke yake walizikwa zaidi ya 5,000, wengi kwa homa ya chawa. Kwa hiyo neno "walihamia" mlitumie kwa adabu.

MBEBA BOKSI
Mleta mada, unadharau jasho la watu. Mimi niko huku mwaka wa kumi na moja, na karatasi hailiwi. Mfereji wa Erie, uliokamilika 1825, Waairishi walikuwa miongoni mwa walioupigia sururu. Dada zao walifanya kazi za ndani, wakibana senti kumlipia nauli mdogo mtu, naye akifika anamvuta mwingine. Si ndiyo sisi hao?

Halafu walijipanga. Tammany Hall, genge la kisiasa la New York (wizi ulikuwepo, sikatai), lilikuwa na mtu wake kila mtaa: anakutafutia kibarua, anakuletea makaa wakati wa baridi, msibani yupo, na siku ya kura unajua la kufanya. Mwaka 1880 jiji likamchagua William Grace, meya wa kwanza Mkatoliki kutoka Ireland. Sisi huku tunagombania uenyekiti wa jumuiya yenye wanachama 40.

MLETA MADA
Kaka, hiyo Tammany umenisaidia mwenyewe. Bila kura, huyo mtu wa mtaa angekuletea makaa ya nini?

Na Julai 1863 tusiikwepe. Serikali ilianza kuandikisha watu kwa lazima kwenda kwenye vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Marekani, mwenye dola 300 akaruhusiwa kujinunua. Makabwela wa New York, wengi wao Waairishi, wakaingia barabarani. Hasira iliyoanzia kwa matajiri ikaishia kwa weusi, waliokuwa wakigombea nao vibarua vya bandarini. Waliwanyonga watu mitaani na kuchoma kituo cha watoto yatima weusi.

MWALIMU WA JIONI
Msiwatie wote kapu moja. Hata polisi waliopambana na ghasia zile wengi walikuwa Waairishi. Na huko kwao Ireland, Daniel O'Connell, kiongozi wao wa kisiasa, aliupinga utumwa waziwazi; mwaka 1841 watu kama 60,000 walitia saini waraka wa kuwaomba ndugu zao wa Marekani wasimame na wapinga utumwa. Walioupokea wengi wao waliupa mgongo. Kwangu hilo ndilo swali zito: bahari ilibadilisha nini? Nadhani waliona haraka ni nani anakaa ngazi ya chini kabisa, wakaapa wasiwe wao.

MBEBA BOKSI
Hapo kwa waraka mmenibana. Lakini 1870 sheria ya uraia ilifunguliwa kwa mtu wa asili ya Afrika pia. Baada ya hapo kisingizio ni kipi?

MLETA MADA
Uraia ulifunguliwa, sawa. Kura ya mweusi wa Kusini ilikuja kulindwa vilivyo mwaka 1965. Kennedy alikuwa ameshatawala na ameshazikwa.