Kotelete za nguruwe na vitunguu vya kahawia kwenye kikaango kimoja: mbona kitunguu kinaungua na nyama inakauka?

Imani_Himbi (Goma)

Jambo kwenu, ba mama na ba papa. Nauliza juu ya kotelete za nguruwe na vitunguu vilivyokaangwa mpaka viwe laini, vya kahawia, vitamu, vyote kwenye kikaango kimoja. Chakula cha jioni ya mvua, kwa watu 4. Nina kotelete 4 zenye mfupa, kila moja gramu 220 hivi, vitunguu vyekundu kilo 1, mbabula moja (jiko la mkaa), kikaango kizito cha chuma na kingine chepesi cha aluminiamu.

Natia vyote pamoja, nafunika, nangoja dakika 40. Kitunguu kinatoka cheusi ukingoni na kibichi katikati, nyama inakuwa ubao. Nikiongeza maji, kitunguu kinachemka tu, rangi haibadiliki. Nianze na kipi? Na wale wanaosema nguruwe lazima aive saa nzima kwa sababu ya minyoo, wako sawa?

MamaMbabula (Bukavu)

Aksanti kwa kutaja uzito na vyombo, dada Imani, wengi huuliza bila kusema wanapikia nini. Shida ni hiyo ya kutia vyote pamoja. Kotelete inataka moto mkali dakika chache. Kitunguu kinataka moto mdogo karibu saa nzima. Ukivipa moto mmoja, kimoja lazima kiharibike, na mfuniko ukaharibu cha pili.

Makala, yaani mkaa, yenyewe yanakupa jibu. Mbabula ikishika vizuri huwa kali robo saa ya kwanza, halafu inashuka taratibu. Fuata mwendo huo: nyama kwanza, kitunguu katikati, nyama irudi mwisho. Tumia kikaango cha chuma. Kile chepesi kiachie mayai.

Kabla ya kuwasha moto, paka chumvi nusu kijiko cha chai kwa kila kotelete, pande zote, uziache dakika 40 hadi saa 1. Chumvi huvuta maji nje kwanza, kisha maji yale yale hurudi ndani yakiwa na chumvi. Ukikaanga baada ya dakika 10 utazikuta zimelowa, yaani umeshika wakati mbaya kuliko yote. Huna nafasi ya kungoja? Basi tia chumvi zinapoingia kikaangoni. Kwa vyovyote, zifute kwa kitambaa safi mpaka zikauke, kwa sababu maji ya juu lazima yaishe ndipo rangi ije. Halafu chanja ule ukanda wa mafuta wa pembeni mara 3 au 4. Utando ulio chini yake husinyaa kwa moto na ndio unaoikunja kotelete kama kikombe, katikati pasiguse chuma.

Kikaango kikae juu ya makala mekundu dakika 4 kikiwa kitupu. Kijiko 1 cha supu cha mafuta ya kawaida kinatosha. Mawese siyashauri hapa, ladha yake inafunika kitunguu. Simamisha kotelete kwa ukanda wa mafuta, uzishike kwa koleo dakika 2 au 3 ziyeyushe mafuta yake zenyewe, ndipo uzilaze: dakika 3 upande wa kwanza bila kuzigusa, 2 upande wa pili. Ikishikamana na chuma usiivute. Rangi ikikolea itajiachia. Kikaango cha sentimita 26 kinabeba mbili kwa wakati mmoja. Ukibananisha nne zinatoa maji na kuchemka badala ya kukaangika. Zitoe zikiwa bado mbichi ndani. Ndivyo inavyotakiwa, ila sahani hiyo isikaribie chakula kingine.

Sasa kitunguu, na hapa ndipo watu wanapokosa subira. Kata kila kitunguu nusu kutoka kichwani hadi mzizini, kisha vipande vya milimita 5 kwa kufuata urefu huo huo. Ukikata kwa upana, nyuzi zinakatika na mwisho unapata uji. Kikaangoni bakiza mafuta vijiko 2 vya supu, mengine yamwage. Ondoa nusu ya makala, yaliyobaki yafunike kwa jivu lake, mlango wa chini wa mbabula uache wazi kidole kimoja tu. Tia kitunguu chote, nusu kijiko cha chai cha chumvi, vijiko 3 vya maji, funika dakika 10. Kitalegea na kushuka karibu nusu. Fungua mfuniko na usiurudishe.

Kuanzia hapo ni dakika 35 hadi 45 za kugeuza kila baada ya dakika 4. Chini utaona ukoko wa kahawia unashika. Usiogope, ndiyo ladha yenyewe. Ukikaribia kuwa mweusi, tia vijiko 2 vya maji, kwangua kwa mwiko wa mbao, changanya, acha ukauke tena. Rudia mara 3 au 4. Maji yako yalikuwa mengi mno kwa mara moja: kitunguu kikiogelea hakipiti joto la maji yanayochemka, na rangi ya kahawia inataka joto kupita hapo, karibu digrii 140. Kilo 1 itabaki vikombe 2 hivi au chini yake. Sukari usitie, kitunguu kina yake ya kutosha.

Kikifikia rangi ya asali nzito, tia vitunguu saumu punje 2 zilizopondwa, dakika 1. Kisha maji ya moto mililita 150, kijiko 1 cha chai cha mutarde (haradali), kijiko 1 cha chai cha siki. Rudisha kotelete pamoja na maji yaliyovuja sahanini, zizamishe ndani ya kitunguu, funika, dakika 6 hadi 8 kwa nyama ya sentimita 2 na nusu, ukizigeuza katikati. Mchuzi utetemeke tu. Epua, ngoja dakika 5.

Resho_Katuba (Lubumbashi)

Mama, heshima zako. Ila kwa anayepikia resho ya umeme, mimi nageuza mpangilio: kitunguu kwanza. Resho haishuki haraka kama mbabula unayoitoa makala kwa koleo. Ukimaliza nyama kwenye moto wa juu na kutia kitunguu hapo hapo, kinaungua kabla sahani ya chuma haijapoa. Kwa hiyo pika kitunguu kwa moto wa chini, kitoe, pandisha moto, kaanga nyama, rudisha kitunguu. Unapoteza kidogo utamu wa ule ukoko wa nyama, unaupata tena kwa kukwangua na maji mwishoni. Na kitunguu kikishaiva kinaweza kungoja. Umeme ukikatika katikati, angalau kazi ndefu umeshaimaliza, nyama ni robo saa kwenye makala.

Jingine. Kuna wanaotia bikarabonati (soda ya kuokea) ili kitunguu kipate rangi haraka. Kweli inaharakisha, lakini inakifanya uji, na kwa kitunguu chekundu ni balaa: rangi inageuka ya kijani-buluu kama dawa ya mswaki. Matone ya siki yanairudisha kiasi, ulaini haurudi.

Kisu_Kadutu (Bukavu)

Mambo ya moto yamesemwa vizuri. Mimi niongeze ya nyama, kwa sababu kotelete nyingi zinaharibikia kwenye gogo la muuzaji.

Ikikatwa kwa shoka, upande wa mfupa unakuwa sentimita 4 na upande wa pili 1 na nusu. Hakuna moto utakaoivisha hiyo sawasawa. Omba ikatwe kwa msumeno, au kisu kwa nyama na shoka pigo moja tu kwa mfupa. Unene wa vidole viwili. Halafu pitisha kidole kandokando ya mfupa utoe vipande vidogo vilivyopasuka, vinavunja meno.

Uliza pia ni sehemu gani. Ya mgongoni, yenye jicho moja la nyama nyeupe, haina mafuta ndani. Ikipita digrii 70 inakamuka na kukauka, na dakika 40 za kufunika ndizo zilizoiua. Ya upande wa shingo, yenye mistari ya mafuta, ni kinyume: dakika 8 itakuwa kama raba, inataka dakika 50 hadi saa 1 kwenye mchuzi mdogo. Goma na Bukavu tuko meta 1,500 hivi juu ya bahari, maji yanachemka kwenye digrii 95, kwa hiyo nyama ngumu huku inachelewa kuliko vitabu vinavyosema. Dada Imani, kama kawaida yako ni kufunika dakika 40, nunua ya shingo, uongeze dakika 15. Utafurahi bila kubadili tabia.

Minyoo: hofu ina msingi, tegu wa nguruwe yupo kwetu. Kabla ya kununua, kata nyama uangalie ndani. Ukiona vilengelenge vyeupe ukubwa wa punje ya mchele au mtama, iache, usijidanganye kwamba utaipika sana. Lakini kutoona kitu hakumaanishi nyama ni safi, na kinachoua vijidudu ni joto kufika katikati. Saa haina kazi hapo. Marekani wanashauri digrii 63 katikati ya kipande kizima na kungoja dakika 3. Mimi kwa soko letu napeleka 68 hadi 70, bado ina maji. Kipima joto kiingie kwa ubavu, ncha isiguse mfupa. Huna? Chanja karibu na mfupa: maji yawe meupe bila damu, nyama isiwe na utelezi wa ubichi. Ukiwa na shaka, ongeza dakika 3, kitunguu kitakuokoa.

Imani_Himbi (Goma)

Aksanti sana. Zangu ni za mgongoni, sasa naelewa. Maswali mawili: bia badala ya maji inafaa? Na mwenye kikaango chepesi tu afanyeje?

MamaMbabula (Bukavu)

Bia ya njano inafaa, mililita 100, na uitie kabla nyama haijarudi, ichemke wazi dakika 3 pombe ipungue. Usiikaushe sana, uchungu wake unabaki wote na kuzidi. Bia nyeusi tamu pia inafaa, hapo acha mutarde. Siki usizidishe kwenye chuma kisichopakwa kitu, mchuzi utapata ladha ya msumari.

Kikaango chepesi: weka kipande cha bati nene juu ya mbabula, kikaango juu yake, wakati wa kitunguu tu. Joto linasambaa, doa la katikati haliungui. Kitunguu kipike gramu 500 kwa awamu, na ugeuze kila dakika 2 badala ya 4.

Resho_Katuba (Lubumbashi)

Na kula je? Sisi huku ni bukari, nyie mnasema bugali, yaani ugali, mchuzi ni ule ule. Lengalenga (mchicha) isiyo na chumvi nyingi pembeni. Anayetaka viazi ndani ya kikaango hicho hicho, avichemshe kwanza nusu kuiva, gramu 400 zilizokatwa vipande vya sentimita 3, aviingize pamoja na maji na kuongeza maji yafike mililita 250. Vikiingia vibichi, nyama itamaliza kuiva mara mbili ikivisubiri.

Imani_Himbi (Goma)

Viazi vimepita. Kesho nanunua bati.

Kisu_Kadutu (Bukavu)

Lisiwe bati jipya la kuezekea, lile lenye rangi ya fedha. Mipako yake ya zinki ikipata moto mkali inatoa moshi mbaya. Tafuta chuma kitupu kwa mafundi wa kuchomelea, milimita 3.